Milima Isiyowaka katika Ulimwengu wa Moto: Io, Nyiragongo na Neno "Mlima wa Moto"

Katika hadithi za kubuni zinazosimulia safari za angani, na hasa katika michoro inayopamba majalada ya hadithi hizo, kuna taswira moja inayorudiwa mara kwa mara: ni usiku katika ulimwengu wa mbali, anga ni nyeusi, na mbele ya msafiri imesimama safu ya milima inayong'aa kwa moto wake yenyewe. Msomaji wa Kivu hahitaji kwenda mbali ili aielewe taswira hiyo. Kila wakati ziwa la zaha, ambayo wengi huita lava, lilipojaa katika kasoko ya Nyiragongo, mlima huo wa mita 3,470 uliyapaka mawingu rangi nyekundu usiku kucha, na watu wa Goma waliutazama wakiwa milangoni mwao. Wala si jambo geni katika eneo hili kuuhesabu mlima unaong'aa kuwa ni mlango wa ulimwengu mwingine. Katika mapokeo ya ibada ya Ryangombe, yanayojulikana sana Rwanda na kwa jirani zake, roho za waliotawazwa huenda kupumzika juu ya Karisimbi penye baridi na ukungu, ilhali roho za wasiotawazwa hutupwa katika moto wa Nyiragongo.

Makala haya yanauchunguza ulimwengu mmoja wa kweli ambao unaikaribia taswira hiyo kuliko mwingine wowote unaojulikana katika familia ya jua letu, nao ni Io, mmoja wa miezi ya sayari ya Mshtarii. Huko moto ni mwingi kuliko popote, na milima mirefu kupita ile ya dunia yetu ipo pia. Hata hivyo, mambo hayo mawili hayakukutana kama mchoraji alivyotarajia: milima ya Io karibu yote haiwaki, na moto wa Io kwa kawaida hautoki milimani. Tofauti hiyo inaligusa neno ambalo Kiswahili kimezoea kulitumia bila kulipima, yaani "mlima wa moto". Na pale Goma, kulipima neno hilo si suala la wanaisimu peke yao.

Moto uliohesabiwa kabla ya kuonekana

Io iligunduliwa na Galileo Galilei mwezi wa Januari 1610, pamoja na miezi mingine mitatu mikubwa ya Mshtarii. Kipenyo chake ni kilomita 3,643, maana yake ni kubwa kidogo tu kuliko mwezi wetu. Kwa sababu hiyo wanafalaki wengi walitarajia kuwa ingefanana na mwezi wetu pia: jiwe kongwe lililopoa zamani na kujaa mashimo yaliyochimbwa na vimondo. Joto la uso wake, mbali na mahali penye moto, liko zaidi ya nyuzi 140 chini ya sifuri. Hapakuwa na sababu ya wazi ya kutazamia moto huko.

Waliotazamia moto walifanya hivyo kwa hesabu. Stanton Peale, Patrick Cassen na Ray Reynolds walichapisha katika jarida la Science, tarehe 2 Machi 1979, makala mafupi yaliyoeleza kwamba sehemu ya ndani ya Io lazima iwe imeyeyuka kwa kiasi kikubwa. Hoja yao ilitegemea mwendo wa miezi mitatu. Io huizunguka Mshtarii kwa muda wa saa 42 na nusu hivi. Kila Europa inapomaliza mzunguko mmoja, Io imekwisha kumaliza miwili. Na kila Ganymede inapomaliza mmoja, Io imemaliza minne. Basi miezi hiyo hukutana mahali pale pale tena na tena, na kila mkutano huivuta Io kidogo, hata njia yake isiweze kuwa duara kamili. Matokeo yake ni kwamba Io huikaribia Mshtarii, kisha hujitenga nayo, kisha huikaribia tena, bila kikomo.

Lugha ya Kiswahili, kwa kuwa ilikulia pwani, ina msamiati wa kutosha wa kueleza linalofuata. Kule mwambao, mvutano wa mwezi na jua huyafanya maji ya bahari kujaa na kupwa. Katika Io hakuna bahari. Ni jiwe lenyewe linalojaa na kupwa, na inakadiriwa kuwa uso wa mwezi huo huinuka na kushuka kwa kiasi kinachoweza kufikia mita 100. Mtu akichukua kipande cha waya na kukikunja na kukikunjua kwa haraka mahali pamoja, kitamchoma vidole. Io imekuwa ikikunjwa na kukunjuliwa hivyo kwa muda usio na hesabu.

Siku 3 baada ya makala hayo kutoka, tarehe 5 Machi 1979, chombo cha Marekani kiitwacho Voyager 1 kilipita karibu na Io. Hapakuonekana shimo hata moja la kimondo, jambo ambalo lilionyesha kwamba kuna kitu kinachofunika uso huo upya kila mara. Kisha, katika picha iliyopigwa tarehe 8 Machi kwa ajili ya kuongoza chombo tu, wala si kwa ajili ya utafiti, mhandisi Linda Morabito aliona wingu lenye umbo la mwavuli likitokeza kwenye ukingo wa Io. Dhana ya kwanza ilikuwa kwamba huenda ni mwezi mwingine uliojificha nyuma. Lilikuwa wingu la volkano, limerushwa juu kiasi cha kilomita 300. Hiyo ndiyo mara ya kwanza binadamu kuona volkano ikitenda kazi nje ya dunia hii. Ni nadra katika historia ya sayansi kwa jambo kukisiwa na kuthibitishwa katika juma moja.

Milima

Vyombo vilivyofuata viliongeza habari nyingi: chombo kilichopewa jina la Galileo, kilichoizunguka Mshtarii kuanzia 1995 hadi 2003, na baadaye Juno, kilichopita umbali wa kilomita 1,500 hivi kutoka Io tarehe 30 Desemba 2023 na tena tarehe 3 Februari 2024. Milima ya Io inayojulikana ni kati ya 100 na 150. Kimo chake cha wastani ni kilomita 6 hivi, na ule mrefu kuliko yote, katika kundi liitwalo Boösaule Montes, unafikia kilomita 17 na nusu juu ya tambarare inayouzunguka. Mlima Everest una mita 8,849. Ungeongezwa Everest wa pili juu yake ndipo Boösaule ungefikiwa.

Mwanafunzi aliyelelewa chini ya safu ya Virunga atadhani bila kusita kwamba milima hiyo ni rundo la zaha iliyomwagika na kuganda, tabaka juu ya tabaka, kama Nyiragongo na Nyamulagira zilivyojengwa. Sivyo. Milima ya Io, isipokuwa michache, haina kasoko kileleni wala njia za zaha ubavuni. Mingi ina umbo la bamba kubwa lililoinuliwa upande mmoja na kuinama upande wa pili, huku ukingo ulioinuka ukiwa umekatika kwa genge. Mwaka 1998 Paul Schenk na Mark Bulmer waliuchambua mlima wa Euboea Montes na kuonyesha kwamba uliinuliwa na mpasuko wa gamba la Io, kisha ubavu wake mmoja ukaporomoka kwa maporomoko ambayo ni miongoni mwa makubwa yanayojulikana.

Sababu ya miinuko hiyo ni moto, lakini kwa njia ya mzunguko. Volkano za Io humwaga zaha na kurusha majivu na theluji ya salfa kwa wingi hata uso mzima hufunikwa kwa wastani wa sentimita 1 hivi kila mwaka. Sentimita 1 ni kitu kidogo. Katika miaka 100,000 hata hivyo inakuwa kilomita nzima. Tabaka la jana huzikwa na la leo, na yote mawili husukumwa kushuka ndani. Sasa Io ni tufe, na kadiri mtu anavyoshuka ndani ya tufe ndivyo nafasi inavyopungua. Tabaka lililokuwa na nafasi ya kutosha huko juu halienei tena huko chini. Mkeka mpana ukisukumwa katika chumba chembamba utajikunja na kuinuka katikati. Gamba la jiwe baridi haliwezi kujikunja, hivyo hukatika, na kipande kimoja kikapanda juu ya kingine. Kipande hicho ndicho mlima. Ni mwamba wa zamani, mgumu na wenye baridi, ulioinuliwa na uzito wa moto wa watangulizi wake.

Watafiti wamegundua pia kwamba zile pande za Io zilizo na volkano nyingi zaidi ndizo zenye milima michache zaidi, na kinyume chake. Maelezo yanayotolewa ni kwamba pale zaha inapopata njia ya kutoka, gamba hulegea. Njia ikiziba, mbano huongezeka na mlima huinuka. Haifai kulichukua jambo hili kama sheria isiyo na tofauti, maana si michache milima ya Io iliyo na mashimo ya moto miguuni pake: ufa ulioinua mlima unaweza pia kuipa magma mlango. Lakini hata hapo moto unatoka chini ya mlima, kando yake, mara chache sana kileleni.

Moto ulipo

Io ina volkano hai zaidi ya 400, na sehemu kubwa ya hizo ni mabonde yenye kingo wima na sakafu bapa, ambayo wanafalaki wanayaita patera. Neno hilo ni la Kilatini na maana yake ni sahani pana isiyo na kina, ambayo Warumi waliitumia kumimina divai mbele ya miungu. Mwenye kujua tambiko za kumimina pombe kwa ajili ya wahenga ataona kwamba jina halikuchaguliwa vibaya. Kubwa kuliko zote ni Loki Patera, yenye upana wa kilomita 200 hivi. Ndani yake zaha imekizunguka kisiwa kwa umbo la kwato ya farasi, na sahani hiyo moja inatoa kadiri ya sehemu moja ya kumi ya joto lote la Io.

Ni hapa ambapo Nyiragongo inaanza kufanana na Io kwa kweli. Ziwa la zaha halikai wazi na jekundu muda wote kama linavyochorwa. Uso wake huganda na kuwa gamba jeusi. Gamba huwa zito, hupasuka, huzama, na zaha mpya huonekana katika nyufa mpaka nayo igande. Waliosimama ukingoni mwa kasoko ya Nyiragongo wamelieleza jambo hilo mara nyingi. Loki Patera inadhaniwa kufanya vivyo hivyo, ila kwa kiwango kinachotisha: mbiu ya kuzama huanza upande mmoja wa kwato na kwenda polepole hadi upande wa pili kwa muda wa miezi. Juno nayo imeonyesha kwamba katika patera nyingi katikati ni baridi kiasi, na joto kali limebaki katika pete nyembamba ukingoni, mahali gamba linapogonga ukuta na kuvunjika. Ikiwa kuna mng'ao wa kutazamwa usiku huko Io, basi ni pete hizo, zilizotawanyika katika tambarare kama mikufu iliyosahauliwa chini.

Kuna mng'ao mwingine pia, nao hautokani na moto. Io inapoingia katika kivuli cha Mshtarii, hewa yake nyembamba ya dioksidi ya salfa hung'aa kwa rangi hafifu za buluu, nyekundu na kijani, kwa kupigwa na elektroni zinazosukumwa na usumaku wa Mshtarii. Chombo cha Galileo kilipiga picha za mwanga huo mwaka 1998. Kwa hiyo mtu aliyesimama kati ya milima ya Io wakati wa kupatwa angeiona kweli imezungukwa na mwanga. Angekosea tu kudhani kwamba mwanga unatoka milimani.

Tarehe 27 Desemba 2024 Juno iliona, katika nusu ya kusini ya Io, mahali penye joto kali penye eneo la kilomita za mraba zipatazo 100,000. Ziwa Victoria lote lingeenea humo na nafasi ingebaki. Katika mwezi huo huo wa Desemba 2024, watafiti walichapisha vipimo vya mvutano vilivyoonyesha kuwa hakuna bahari moja ya magma karibu na uso wa Io, kama ilivyokuwa ikidhaniwa na wengi; yamkini kila volkano ina hazina yake.

Majina

Taratibu za kimataifa za kutoa majina angani zimeitenga milima na moto, na kwa mara moja kanuni ya ofisini imelingana na maumbile. Milima hupewa majina ya mahali yanayohusiana na hadithi ya Kigiriki ya Io, yule binti aliyegeuzwa ng'ombe akatangatanga nchi kwa nchi, au majina kutoka katika utenzi wa Dante kuhusu Jehanamu. Volkano hupewa majina ya miungu na mashujaa wa moto, jua, radi na uhunzi, kutoka kwa mataifa yote ya dunia.

Afrika haikusahauliwa katika orodha hiyo. Ipo Shango Patera, kwa jina la mungu wa radi wa Wayoruba. Ipo Ruwa Patera, kwa jina la Mungu wa Wachagga wa Kilimanjaro, ambalo kwao ndilo jina la jua pia. Ipo Nyambe Patera, jina la huko Zambezi lililo ndugu wa Nzambi wa Kikongo na Nzambe wa Kilingala. Na ipo Mulungu Patera. Hilo la mwisho ndilo linalomhusu msomaji wa Kiswahili moja kwa moja, kwani Mungu wa Kiswahili na Mulungu wa lugha nyingi za Kibantu ni neno moja. Hapana budi kusema kwamba orodha imewapunguza wenye majina. Kwa wasemaji wa lugha zao, Mulungu na Nyambe si miungu ya moto wala ya radi, bali ni Muumba wa vyote. Radi ni sauti yake tu. Wamewekwa pamoja na Loki na Pele kwa sababu kanuni ilitaka hivyo.

Neno na mahali

Vitabu vya shule kwa kawaida hufasiri volkano kwa kuanza na mlima: mlima unaotoa moto, mlima wenye shimo kileleni, mlima wa moto. Fasiri hiyo inafaa kwa mchoro wa ubaoni. Mwalimu akiipeleka Io itamwangusha hapo hapo, kwa kuwa atatafuta moto kileleni mwa Boösaule na kukuta jiwe la baridi, huku Mulungu Patera na Loki Patera, ambazo si milima, zikiwaka bondeni. Jibu rahisi ni kusema kwamba Io ni ulimwengu mwingine na kwamba neno letu halikutungwa kwa ajili yake. Jibu hilo lingetosha kama Nyiragongo yenyewe ingelitii neno.

Tarehe 10 Januari 1977 ziwa la zaha la Nyiragongo lilikauka kwa muda usiozidi saa moja. Zaha haikufurika kutoka kileleni. Mbavu za mlima zilipasuka na ikatoka humo, nyepesi mno na yenye mbio, ikaua watu wengi vijijini. Tarehe 17 Januari 2002 nyufa zilifunguka tena katika ubavu wa kusini, safari hii zikashuka hadi Munigi, karibu na uwanja wa ndege. Zaha ikapita katikati ya mji wa Goma, ikafunika kadiri ya asilimia 13 ya mji, na mamia ya maelfu ya watu wakakimbia, wengi wao kuelekea Gisenyi. Tarehe 22 Mei 2021 ubavu ulipasuka kwa mara ya tatu. Zaha ilisimama katika vitongoji vya kaskazini, lakini kwa siku zilizofuata ardhi ilitetemeka na barabara za mji zikapasuka, kwa sababu magma ilikuwa imejipenyeza chini ya Goma yenyewe na kuendelea chini ya Ziwa Kivu. Tarehe 27 Mei wakuu wa serikali waliamuru sehemu ya mji ihamwe. Watu walikuwa wakitazama kaskazini, kileleni, na moto ulikuwa chini ya nyayo zao, haung'ai wala hauonekani.

Kwa hiyo ni afadhali vitabu vya Kiswahili, hasa vile vinavyosomwa Kivu, viielezee volkano kwa kuanza na njia: ni mahali magma inapopata njia ya kutoka ndani ya ardhi, pawe kileleni, ubavuni, tambarareni au chini ya maji. Mlima ni moja tu ya mambo yanayoweza kutokea njia hiyo ikitumika muda mrefu. "Mlima wa moto" ubaki kama jina la heshima la Nyiragongo na wenzake, bila kupewa kazi ya fasiri. Kuhusu patera, hakuna haja ya kutunga neno jipya kwa haraka. Linatamkika kwa Kiswahili lilivyo, na mwalimu anayetaka kulifafanua anaweza kusema sinia, ambalo lina sakafu bapa na ukingo ulioinuka, kuliko bakuli au chungu.

Kiswahili cha Kivu kimekwisha kuonyesha kwamba kinaweza kuitazama tambarare. Kati ya Goma na Sake, kando ya ziwa, kuna mashimo na mabonde madogo ambamo dioksidi ya kaboni inayotoka ardhini hukusanyika, kwa kuwa ni nzito kuliko hewa. Haina rangi wala harufu. Mbuzi akishuka humo asubuhi isiyo na upepo hapandi tena, na watoto wamekufa hivyo hivyo. Wenyeji huziita sehemu hizo mazuku, neno lililo karibu na mzuka wa Kiswahili bora. Wataalamu wa volkano waliofika Kivu kutoka ng'ambo walilichukua neno hilo la wenyeji. Na leo mazuku huandikwa katika majarida yao hivyo hivyo bila kutafsiriwa.